Mume Wangu wa Jukwaani

Nimestaafu. Neno lenyewe kubwa kwa mtu ambaye kazi yake ilikuwa kulilia maiti, na maiti wenyewe wazima. Lakini ndilo mlilolitumia ninyi vijana wa kikundi cha maigizo siku mliponiletea keki pale ukumbini Walthamstow, basi na mie nalitumia. Mmeniomba niandike nilivyoanza na nilivyofanya kazi. Naandika kwa mkono, na mjukuu wangu Salha anapiga chapa. Nimemwambia asinirekebishe. Skuli nilifika darasa la nne, Ng'ambo kule Unguja, na Kiingereza cha kusoma ninachokijua ni majina ya vituo vya treni na tarehe ya maziwa kuharibika. Majina ya watu, hayo sisahau. Nikimtaja mtu humu, mjue nimemtaja kwa makusudi, kwa sababu wengi wao hakuna mahali pengine walipotajwa.

Nilianza na ndoo. Nilikuwa nasafisha ukumbi wa michezo mashariki mwa Landani, asubuhi, mchezo ukiwa bado mbali. Aliyekuwa akishughulikia nguo za waigizaji anaitwa Doreen, mama mnene mwenye pini mdomoni muda wote, anazungumza nazo na wala hazianguki. Siku moja mwongozaji, Gareth, alikuwa anazunguka kama aliyepotelewa na mtoto. Kuna mwanamke alitakiwa kupita jukwaani na mtungi kichwani, na mwigizaji wake ameteguka mguu. Doreen akatoa pini, akaninyooshea kidole. Akasema huyu Mwana, maana jina langu Mwanakombo lilimshinda, anatoka Afrika. Hayo ndiyo majaribio yangu, sikuombwa jingine.

Niseme kweli, mie nilikuwa sijabeba kitu kichwani maisha yangu. Ng'ambo kwetu tulikuwa na bomba la mtaa, na ndoo tunaibeba kwa mkono, inakupiga paja mpaka nyumbani. Lakini wote walikuwa wananitazama na nyuso za furaha, nikaona haya kuwaangusha. Nikaenda nyumbani, nikajifunza na beseni la kuoshea vyombo, kwenye ujia wa nyumba, kutoka mlango wa choo mpaka mlango wa nje. Mume wangu Haji, Mungu amrehemu, hakuniuliza kitu. Aliondoa saa ya ukutani akaiweka kitandani, akarudi kunywa chai yake.

Jioni ya kwanza nimesimama nyuma ya pazia na mtungi wangu. Mwanamume mmoja mwembamba, amepakwa poda ya kijivu usoni, akaniambia kwa Kiswahili cha Tanga, polepole, kama tumekutana dukani:

"Dada, hiyo kata uliyoiweka imepinda. Nipe."

Akaichukua khanga, akaisokota upya, akaniwekea kichwani, akanitulizia mtungi juu yake. Akanambia nisitazame miguu yangu wala watu wa mbele. Nimtafute mtu aliyekaa nyuma kabisa, nimtazame kama amekalia kiti changu. Nikapita. Mtungi haukuanguka. Huyo ndiye Athumani, na mpaka leo sijui ningekuwa nani bila yeye. Pengine ningekuwa na magoti mazima, maana hayakumalizwa na usafi, niliouacha mapema, ila na kupiga magoti jukwaani.

Athumani mchana alikuwa analala na usiku alikuwa anaendesha basi. Zamu yake ilianza mchezo haujesha. Kwa hiyo alikuwa anachagua watu wanaokufa mapema. Alikuwa chifu mwenye homa, baharia aliyepigwa kisu, mtumwa, baba mkwe mwenye maradhi ya moyo. Akishakufa anabebwa nje, anafuta poda, anavaa sare ya basi na huyoo. Abiria wake wa usiku walikuwa wanaendeshwa na marehemu na hawana habari.

Nyie mliozoea mnajua mwisho wa mchezo waigizaji wote hutoka, wakasimama safu moja, wakainama, watu wakapiga makofi. Athumani hakuwahi kusimama kwenye safu ile. Tulikuwa tunainama sisi, na yeye wakati huo yuko barabarani na usukani.

Yeye ndiye aliyenifundisha kufa, ingawa mie nilipewa zaidi kulia. Pumzi ishuke chini kabisa tumboni, siyo kifuani, kifua watu wanakitazama. Ukiwashwa pua, usipigane nayo, ihesabie majina ya ndugu zako mpaka ipite. Na usife macho wazi hata mwongozaji akikuomba, maana taa zitakutoa machozi na maiti halii. Mie nikawa mke wake, mchezo baada ya mchezo. Yeye anakufa, mie napiga magoti nalia. Siku moja nimemwinamia, nalia kwelikweli, ukumbi wote kimya, nikasikia maiti ananambia bila kufungua mdomo:

"Bi Mwanakombo, yananiingia sikioni."

Nikauma khanga. Watu wakadhani ni uchungu. Gareth akanisifu.

Nje ya jukwaa alikuwa kaka yangu, nikimwita Kaka Athumani. Mkewe, Bi Rukia, mwanamke wa Pangani mwenye ulimi mwepesi, alikuwa ananipokea mlangoni na maneno yale yale: "Karibu, mke mwenzangu. Leo umemuua kwa kitu gani?" Kisha ananikatia mkate wa mchele. Yeye hakuwahi kuja kutuangalia. Alisema hawezi kulipa nauli kwenda kumwona mumewe akifa na mwanamke mwingine akimlilia, bora abaki nyumbani apike.

Sasa, mtauliza nilikariri vipi na kusoma Kiingereza sijui. Athumani alinirekodia kwenye kaseti. Siyo maneno yangu tu, mchezo mzima, sauti zote, wanaume kwa wanawake, hata mlango ukifungwa alikuwa anasema "mlango". Nilisikiliza nikikuna nazi, nikipiga pasi, nikiwalaza watoto. Ndiyo maana nikawa najua maneno ya kila mtu. Sikujivunia hilo, sikuwa na njia nyingine. Mtu anayesoma anakariri lake. Asiyesoma inambidi achukue yote.

Kwenye filamu maneno yenyewe hayakuwepo. Kwenye karatasi niliandikwa Mwanamke wa Sokoni, Mama wa Marehemu, Mgonjwa wa Pili. Filamu yangu ya kwanza niliwaambia majirani wote, wakaja sinema na watoto wao na bisi. Nilikuwa nampelekea bwana mmoja sinia la chai. Wamenikata mpaka kwenye kiwiko. Ukaonekana mkono wangu na sinia. Tukatoka nje. Haji akasema, "Mkono mzuri."

Na kulikuwa na desturi ambayo ninyi Alhamdulillahi hamjaikuta sana. Mwongozaji anakwambia, hapa lia, useme chochote kwa lugha yenu. Chochote. Wao wanataka sauti tu. Basi siku moja mume wangu wa filamu amelala kwenye mchanga, na huyo mume ni Athumani tena, na mimi sina la kusema, tumerudia mara nyingi na njaa inaniuma, nikamlilia kwa namna ya kupika pilau. Kitunguu kiwe chekundu, ewe mume wangu, jira usiisahau. Watu wengi walilia sinema, nimeambiwa. Mwezi mmoja baadaye niko Edgware Road natafuta tende, mama mmoja wa Kiomani mwenye asili ya Unguja akanishika mkono katikati ya njia. "Wewe si ndiye uliyemlilia mumeo kwa pilau?" Nikamwambia ndimi. Akasema, "Hukutia viazi." Alikuwa amekasirika kweli. Tangu siku ile kila nikiambiwa niseme chochote, nilitaja wafu wangu, mmoja mmoja, mama yangu, dada yangu Time, mwanangu wa kwanza Suleiman. Nikaona ikiwa nalipwa kwa kulia, angalau wanaoliliwa wawe wangu.

Athumani akastaafu basi. Nikadhani sasa atapewa watu wanaoishi. Lakini waongozaji walishamzoea. Wakipata mzee wa kufa kabla ya mapumziko wanampigia simu yeye. Sasa hana zamu, angeweza kungoja mwisho akainame na wenzake, lakini alisema mguu umezoea kuondoka, na maiti akirudi na tabasamu anawaharibia watu huzuni yao waliyoilipia. Alikuwa anacheka akisema hivyo. Nilimwamini, kwa sababu ilikuwa rahisi kumwamini.

Sasa nifike kwenye mchezo wa mwisho.

Aliyeuandika ni Farida, mtoto wa watu wa Mombasa aliyezaliwa Ilford. Mwongozaji ni Helen, mwanamke mdogo wa mwili, mpole, anakula tufaha na kokwa zake. Athumani alikuja kwangu na karatasi za mchezo chini ya koti. Hakuvua koti wala hakukaa. Akasimama jikoni.

"Bi Mwanakombo, huyu mtu hafi."

Nikamuuliza mtu gani.

"Mzee Kheri. Nimesoma mpaka ukurasa wa mwisho. Hafi. Ndiye anayefunga mchezo."

Mzee Kheri ni baba ambaye nyumba yake ya ghorofani inabomolewa na baraza la mtaa, na watoto wanataka kumhamisha. Mwishoni anapita chumba kwa chumba anakiaga, anataja nani alilala humu, nani alizaliwa humu, nani alitolewa humu akiwa amefunikwa. Maneno mengi, mazuri, na ni ya mtu mwenye jina. Mie ni mkewe, Bi Zuhura. Athumani akanambia ameshamwambia Bi Rukia: safari hii huna kisingizio, njoo unione nikiwa mzima mpaka mwisho. Na Bi Rukia amekubali. Atakuja siku ya mwisho kabisa ya mchezo, kwa sababu binti yao Asha, nesi wa Leicester, ndiyo siku atakayopata nafasi ya kumleta. Ukumbi wenyewe ulikuwa juu ya baa, lazima upite katikati ya walevi ndipo upate ngazi, na Bi Rukia hapiti pale peke yake.

Mazoezi yakaanza, na mie nikaanza kuona mambo. Athumani aliyeendesha basi mji huu mpaka anajua taa zipi zinachelewa kuwaka kijani, alishuka kituo sicho, akasimama jukwaa la treni mpaka mtu wa reli akampigia simu Bi Rukia. Siku nyingine katikati ya maneno ya Mzee Kheri akatoa maneno ya baharia wa kisu. Helen akacheka, akadhani mzaha. Mimi nilikuwa nayajua maneno ya yule baharia. Sikucheka.

Tulikuwa tunarudi na treni ya laini ya Victoria, tumekaa, behewa lina nafasi. Tukafika Blackhorse Road. Kisha akasema, akitazama dirisha ambalo halina kitu nje:

"Daktari ameshanambia. Kichwa kinaondoka. Bi Rukia anajua, Asha anajua, na sasa wewe. Helen asijue."

Nikamwambia Kaka Athumani, hili si jambo dogo.

"Najua. Niache nifike siku ya mwisho. Rukia aje anikute nimesimama. Baada ya hapo mnifungie ndani mkitaka."

Nikakubali. Nawaandikia hili siyo ili mniige. Nawaandikia kwa kuwa ndivyo ilivyokuwa.

Bi Zuhura kwenye karatasi alikuwa amekaa tu dirishani. Nikamwambia Helen mwanamke wa kwetu hakai tu, mpe kazi. Akauliza kazi gani. Nikasema achambue mchele, kwenye sinia, karibu na kiti cha mumewe, hapo ndipo penye mwanga. Helen akafurahi sana. Mnajua mwanamke akichambua mchele anavyokaa, uso ameinamisha, midomo inamcheza, anajisemea. Hakuna anayemuuliza anasema nini. Basi mie nilichambua mchele, na midomo yangu ilikuwa inampa Athumani maneno yake. Sikumpa yote. Maneno mawili ya mwanzo, yanayofuata yanakuja yenyewe kama uzi ukivutwa. Wakati wa kuaga vyumba nilinyanyuka nikamfuata na sinia langu, chumba kwa chumba. Gazeti moja liliandika kwamba Bi Zuhura ni mfano wa mke anayefuata nyuma ya mumewe. Salha alinisomea. Nikamwambia asome tena, nikapenda.

Siku ya kwanza watu walipopiga makofi tukasimama safu, Athumani katikati. Sote tukainama. Yeye alikuwa anawatazama watu. Alipoinama, sisi tulikuwa tumeshanyanyuka. Akaona amechelewa, akacheka, akaweka mkono kifuani akainama tena. Sijamwona na uso ule siku nyingine.

Tukaenda hivyo, siku baada ya siku. Kuna siku alihitaji maneno mawili, kuna siku alihitaji matano. Mchele ule ule, nimeuchambua mpaka ukawa unga. Kwa Bi Rukia nilikuwa nakwenda kila Jumatatu, siku yetu ya mapumziko. Hakunitania tena na mambo ya mke mwenza. Alikuwa ananiuliza tu, "Zimebaki ngapi?" Namwambia.

Ilikuwa onyesho la mchana, Jumamosi. Ukumbi umejaa wazee na wanafunzi wa skuli na mwalimu wao. Tumefika karibu na mwisho, Mzee Kheri asimame aanze kuaga. Nikampa maneno mawili. Hakuyashika. Nikampa tena. Akasimama, lakini siyo kusimama kwa Mzee Kheri. Akaja kwangu, akainama, akanitazama usoni, akasema kwa Kiswahili, kwa sauti yake yenyewe:

"Bi Mwanakombo, mbona bado sijafa?"

Hakuniita Bi Zuhura. Na macho yake yalikuwa na hofu, ile hofu ya mtu aliyelala kwenye gari akazinduka pasipo pake.

"Safari hii hufi, kaka," nikamwambia.

"Nitachelewa zamu. Basi nani atalitoa?"

"Wamepata mtu. Leo umepumzishwa."

"Wewe umewasikia?"

"Nimewasikia mwenyewe. Nipe mkono."

Nikaweka sinia chini, nikamshika mkono, na maneno ya kuaga vyumba nikaanza kuyasema mimi, kwa Kiingereza changu hiki cha kaseti. Kwenye chumba cha pili akaanza kuyafuata nyuma yangu, kama mtu anayeitikia dua. Kufika cha mwisho tulikuwa tunasema pamoja. Taa zikazimwa. Watu hawakupiga makofi kwanza, nilisikia mtu anapenga kamasi. Kisha wakasimama wote.

Helen alikuja chumba cha kubadilishia nguo analia na kucheka. Akasema katika kazi yake hajaona kitu kama kile. Ule mstari wa Kiswahili, akasema, usitoke tena. Mfanye vile vile kesho. Hakuwa mtu mbaya, nataka mjue hivyo. Alizoea kama wote walivyozoea, ukisema kwa lugha yenu inakuwa ni mchezo. Athumani alikuwa amekaa anafunga kamba za viatu. Akili zilikuwa zimeshamrudia. Akanitazama kwenye kioo.

"Nilisema nini?"

Nikamwambia, neno kwa neno. Akafunga kamba ya pili, polepole.

Kesho yake Helen akatuita mapema turudie kile kipande, apange taa. Akamwambia Athumani simama pale, sema kama jana. Athumani akasimama. Kofia mkononi. Akatazama taa, akatazama sinia langu. Nilikuwa na maneno yake mdomoni, yote, ningeweza kumpa. Akanitikisia kichwa, nisimpe. Akamgeukia Helen, akamwambia kwa Kiingereza chake kizuri cha udereva:

"Jana sikuwa naigiza."

Helen akabaki na tufaha lake. Athumani akamweleza mwenyewe, amesimama wima, kama mtu anayetoa ripoti ya gari lililoharibika njiani. Lini ilianza, nini daktari kasema, na kwamba mimi sina lawama, ni yeye aliyeniomba. Helen akakaa chini pale pale jukwaani, miguu ameikunja kama mtoto. Baadaye akampigia simu Bi Rukia, mie nikiwa katikati kutafsiri pale Kiingereza cha Bi Rukia kilipoisha. Helen alikuwa bado anatafuta njia, labda tumsaidie, labda apunguziwe maneno. Bi Rukia akamsikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema nimwambie hivi:

"Umri wote anatoka nyumbani kwenda kufa. Sasa namtaka akae."

Nikayatafsiri. Yalikuwa magumu kuyatafsiri kuliko mchezo wowote. Helen akasema ameelewa.

Siku ya mwisho ilikuwa karibu sana. Hilo ndilo lililoniuma, na linaniuma. Yalibaki maonyesho machache tu afike. Lakini angefika vipi, na kila siku ile hofu yake ingeweza kumrudia mbele ya watu? Athumani hakunilaumu na mimi sikumlaumu. Alinikabidhi mto wake mdogo wa kukalia, akasema kiti cha Mzee Kheri kina msumari, atakayekuja nimwambie.

Akaja Mutua, kijana wa Nairobi, wakampaka weupe kwenye ndevu. Mwigizaji mzuri, na adabu anayo, ananiita mama. Siku ya kwanza akaniuliza kuhusu kile kipande cha Kiswahili, watu wamekisema sana, basi akifanye vipi. Nikamwambia hakipo. Helen alikuwa amesimama hapo. Akasema ndiyo, hakipo. Mutua akasema maneno yote mwenyewe, hakunihitaji, na mie nikachambua mchele bila kusema chochote. Sinia likawa zito.

Siku ya mwisho Bi Rukia alikuja. Sikumtegemea. Nilichungulia kutoka nyuma ya pazia, jambo nililowakataza ninyi, nikamwona anapanda juu na buibui lake, mkoba ameukumbatia kwa kuogopa walevi, Asha yuko nyuma. Na katikati yao Athumani, amevaa suti, amenyolewa. Wakakaa safu ya tatu. Baadaye Asha alinambia mzee alivaa mwenyewe tangu asubuhi. Hawakuweza kumwambia kwamba haendi kazini.

Tukacheza. Nilikuwa nikimsikia. Mutua akianza kuaga chumba, sauti ya chini inatoka safu ya tatu, inafuata, maneno mawili, matatu, inapotea, inarudi. Watu wa mbele yake waligeuka. Mutua alisikia pia. Ninamshukuru mpaka leo kwamba alipunguza mwendo, akamngoja.

Mchezo ukaisha, taa zikawaka, tukasimama safu, watu wakapiga makofi, tukainama. Tulipoinuka nikaona kwenye safu ya tatu mtu mmoja tu amesimama, anatutazama. Si kutupigia makofi. Alifunga kifungo cha koti lake, akaweka mkono kifuani, akainama. Akainama kwa watu wa kulia, akainama kwa watu wa kushoto. Mwanamume aliyekuwa nyuma yake akamwambia akae, haoni. Bi Rukia akalishika koti la mumewe kumvuta chini, na pale akamtazama usoni. Akaliachia. Akauweka mkoba sakafuni, akaanza kumpigia makofi, peke yake, amemwelekea yeye, jukwaani hata hakutupa jicho.

Athumani akaendelea kuinama.

Mutua akaninong'oneza, mama, tuiname tena au tutoke?

Nikamwambia angoje, mzee hajamaliza.